Manyoya ya mnyama yakisimama: jinsi ya kuyakagua na hatua za kuchukua

Ndama akiwa juani saa sita mchana na manyoya yamemsimama, ana tatizo tofauti kabisa na ndama mwenye hali hiyohiyo saa kumi na moja alfajiri. Wa alfajiri anahitaji matandiko makavu na maziwa ya vuguvugu. Wa mchana anahitaji kipimajoto, na huenda daktari wa mifugo kabla jua halijatua. Misuli iliyosimamisha manyoya ni ya aina ileile kwa wote wawili, kwa hiyo anayetazama manyoya peke yake hukosea mara nyingi. Anayejua misuli hiyo inavyofanya kazi, akaongeza vipimo viwili vitatu, hukosea mara chache sana.

Msuli wenyewe

Manyoya marefu ya juu hayakupandwa wima. Kila unywele umeingia kwenye ngozi kimshazari, umelalia upande mmoja, mara nyingi kuelekea mkiani. Chini ya ngozi, upande uleule ambao unywele umelalia, kuna msuli mwembamba usioonekana bila hadubini. Ncha yake moja imeshika shina la unywele, chini kidogo ya tezi ya mafuta, na ncha ya pili imeshika tabaka la juu la ngozi. Msuli ukijikaza, shina linavutwa na unywele unanyanyuka kama mlingoti wa ngalawa unaovutwa kwa kamba. Tezi ya mafuta iliyobanwa katikati hukamuliwa kidogo. Kwa binadamu, ambaye vinyweleo vyake ni vifupi, kinachoonekana zaidi ni vile vipele vya baridi vinavyotokea ngozi ikisisimka.

Huu ni msuli laini, wa jamii moja na misuli ya utumbo na ya mishipa ya damu. Mnyama hana hiari nao. Amri huletwa na neva zilezile zinazoupandisha moyo mapigo wakati wa hofu, na neva hizo humwaga kemikali iitwayo noradrenalini kwenye msuli. Baridi, woga, hasira, msisimko wa mchezo na homa vyote hupitia njia hiyo moja. Mbwa hawezi kuamua kukutishia kwa manyoya yake, na hawezi kuyashusha kwa sababu umemkemea.

Si kila unywele una msuli. Sharubu za paka na za mbwa hazina, maana huchezeshwa na misuli ya aina nyingine ya usoni. Kope pia hazina. Kwa kondoo na mbuzi, misuli hii imeshika nywele za msingi, zile nene. Nyuzi laini za sufu zinazoota kandokando yake hazina msuli. Kwa hiyo usitegemee kuona manyoya yakisimama kwa kondoo wa sufu: tazama jinsi anavyosimama, anavyokula na anavyofuata kundi. Kondoo wa nywele, kama kondoo mwekundu wa Kimasai, hukaguliwa kama mbuzi.

Usichanganye na ngozi inayotetemeka

Nzi akitua ubavuni mwa ng'ombe, ngozi hutikisika ghafla na nzi akaruka. Hiyo si kazi ya misuli ya nywele. Chini ya ngozi ya kiwiliwili kuna shuka pana la msuli wa aina nyingine, lenye kujibu kwa haraka sana, na ndilo linalotikisa ngozi. Tofauti yake ni rahisi kuiona ukisimama karibu. Ngozi inayofukuza nzi hutikisika kwa mpigo mmoja na kutulia, na manyoya yanabaki yamelala. Misuli laini ni mivivu kuanza na mivivu kuacha: manyoya hupanda polepole, eneo zima kwa pamoja, yakakaa hivyo kwa muda.

Jambo hili lina uzito kwa paka hasa. Paka ambaye ngozi ya mgongo inamtembea kwa mawimbi, anageuka ghafla kujiuma kiunoni na kukimbia ovyo, hana baridi wala hasira. Mkague viroboto kwanza kwa kitana chenye meno ya karibu, ukianzia kwenye shina la mkia. Usipoviona na hali ikaendelea, mpeleke kwa daktari akaangaliwe ngozi, mgongo na neva.

Ukaguzi wa dakika kumi

Fanya ukaguzi mnyama akiwa ametulia, kivulini, na awe amepumzika angalau nusu saa baada ya kutoka malishoni au joshoni. Aliyetembea juani hupanda joto bila kuwa mgonjwa.

1. Simama mita tano hivi kwa ubavu, jua likiwa nyuma yako. Linganisha na wenzake wa banda moja. Wote wakiwa wamesimama manyoya, tafuta baridi, upepo au unyevu. Akiwa mmoja tu, mshuku ugonjwa.

2. Tazama manyoya yamesimama wapi. Baridi na homa husimamisha sehemu kubwa ya mwili. Hofu na hasira kwa mbwa huonekana kwenye mstari wa mgongo. Eneo dogo lililosimama peke yake mara nyingi lina jambo la mahali hapo, kama kupe, jeraha, kidonda cha sindano au jasho lililokauka.

3. Pitisha kiganja kutoka begani hadi kiunoni kwa kufuata ulalo wa manyoya, kisha rudi kinyume. Sikiliza kwa mkono: ni makavu au yana mafuta? Ngozi ina joto au ni baridi? Kuna unyevu karibu na ngozi ingawa juu pamekauka? Hilo la mwisho hukosewa sana. Ndama wa manyoya marefu aweza kuonekana mkavu huku ngozi yake imelowa.

4. Shika masikio na miguu ya chini. Masikio ya baridi pamoja na manyoya yaliyosimama maana yake mwili unabana joto lisitoke. Hapo bado hujajua kama sababu ni baridi ya nje au homa inayopanda.

5. Pima joto. Kipimajoto cha zebaki kikung'ute kishuke chini ya 35, kipake vaselini, kiingize kwenye njia ya haja kubwa na kukiinamisha kiguse ukuta wa utumbo. Kiache dakika 3. Cha kidijitali subiri kilie. Kikizama katikati ya kinyesi kitakupa namba ya kinyesi badala ya joto la mwili, na kupima kinyesi badala ya ukuta wa utumbo ni chanzo kikubwa cha vipimo vya uongo. Kifunge uzi wenye kibanio na ukibane kwenye manyoya ya mkia ili kisidondoke au kuzama.

Joto la kawaida kwa nyuzi za Selsiasi: ng'ombe mkubwa 38.0 hadi 39.3, ndama 38.5 hadi 39.5, mbuzi na kondoo 38.5 hadi 40, mbwa 38.0 hadi 39.2, paka 38.1 hadi 39.2. Mchana wa joto kali huongeza kidogo, kwa hiyo fuatilia mnyama kwa kumpima saa ileile kila siku.

Ikiwa ni baridi

Manyoya yaliyosimama hushika hewa katikati yake, na hewa iliyotulia haipitishi joto upesi. Hiyo ndiyo faida yote. Ikiondoka ile hewa, msuli unafanya kazi bure. Vitu vitatu huiondoa: maji, matope na upepo. Manyoya yaliyolowa hushikamana na kulala hata msuli ukijikaza namna gani, tope hufanya hivyohivyo na hukaa siku nyingi, na upepo huipeperusha hewa iliyokwisha pashwa. Kwa sababu hiyo ndama mchanga aliyezaliwa usiku wa mvua anaweza asionekane kusimama manyoya kabisa, na ndiye aliye hatarini zaidi. Usisubiri ishara ambayo maji yamekwisha kuifuta.

Ndama wa wiki ya kwanza huanza kutumia akiba ya mwili kujipasha hewa ikishuka chini ya nyuzi 15 hivi, hata akiwa mkavu na pasipo upepo. Ng'ombe mzima wa maziwa aliyeshiba huvumilia baridi kali kuliko hiyo kwa mbali. Kwa hiyo katika nyanda za juu kama Njombe, Makete au Kinangop, usipime mahitaji ya ndama kwa jinsi mama yake anavyoonekana.

Mkaushe kwa gunia au taulo kavu, ukisugua kinyume cha ulalo wa manyoya hadi yaachane moja moja. Kusugua kinyume si mapambo: kunatenganisha nywele zilizogandamana ili misuli iweze kuzinyanyua. Mpe dang'a, yaani maziwa ya kwanza ya mama baada ya kuzaa, mapema iwezekanavyo. Ndama wa kilo 40 anahitaji lita 4 ndani ya saa 6 za kwanza, anaweza kupewa kwa mara mbili, ikiwa na joto la nyuzi 38 au 39. Kisha matandiko. Nyasi kavu au mabua yawe mengi kiasi kwamba ndama akilala miguu yake isionekane. Ukiiona miguu, ongeza. Piga magoti kwenye matandiko kwa sekunde 20, na suruali ikilowa, yabadilishe yote.

Ziba upepo usawa wa mwili wa ndama, lakini acha nafasi juu ya banda. Wengi hukosea hapa: wanaziba banda zima kwa turubai, mvuke wa mkojo unajaa ndani, na baada ya siku chache ndama wanakohoa. Ukiinama usawa wa pua ya ndama na macho yako yakawasha, hewa ni mbaya hata kama banda lina joto.

Mnyama akianza kutetemeka, kusimamisha manyoya hakukutosha. Ndama ambaye joto lake limeshuka chini ya 37.5 mwekee chupa za maji ya moto zilizofungwa kwa kitambaa kwapani na kwenye mapaja, mfunike, na umpime tena baada ya nusu saa. Asiyeweza kunyonya kidole chako usimlazimishe maziwa kwa chupa, yataingia mapafuni. Huyo anahitaji mtaalamu mwenye mrija wa kumpelekea maziwa tumboni.

Vitoto vya nguruwe ni habari nyingine kabisa. Huzaliwa na nywele chache mno, hivyo misuli ya ngozi haiwasaidii chochote, na wanahitaji kona yenye nyuzi 32 hadi 34 katika siku za kwanza. Tazama wanavyolala: wakirundikana juu ya mwenzao, wana baridi.

Ikiwa ni homa

Homa inapoanza, ubongo hupandisha kiwango cha joto unachokitaka. Mwili ulio na nyuzi 38.5 unaambiwa unatakiwa kuwa na 41, basi unajiona una baridi. Manyoya yanasimama, masikio yanapoa, mnyama anatafuta jua wakati wenzake wanakimbilia kivuli. Hii ndiyo ishara yenye thamani kubwa kuliko zote katika mwongozo huu, kwa sababu hutokea homa ikiwa bado inapanda, kabla mnyama hajaacha kula.

Ishara hiyo pia hupotea. Joto likishafika pale ubongo ulipotaka, misuli hulegea, manyoya yanalala na masikio yanapata moto. Mfugaji aliyeona manyoya yamesimama asubuhi na kuyakuta yamelala jioni hudhani mnyama amepona, kumbe homa imefika kileleni. Uliyemshuku asubuhi mpime jioni pia, na uandike namba zote mbili.

Kwa ng'ombe wa Afrika Mashariki, joto la 40 na kuendelea likupeleke moja kwa moja kwenye tezi za limfu (mitoki). Papasa chini ya sikio na mbele ya bega, pande zote mbili, ukilinganisha. Ndigana kali, inayosababishwa na Theileria parva, huenezwa na kupe wa masikio, na kwa kuwa kupe huyo hupenda sikio, tezi ya chini ya sikio ndiyo huvimba mapema. Homa huja kwa kawaida wiki moja hadi mbili baada ya kupe kuuma, kwa hiyo kutokuona kupe leo hakukuhakikishii kitu. Dawa ya buparvakuoni hufanya kazi vizuri ikitolewa mapema. Mnyama akishaanza kupumua kwa shida na kutoa povu puani, nafasi yake ni ndogo. Mwite daktari wa mifugo siku ileile, na mpe vipimo vyako vya joto pamoja na saa ulizopima. Usichome sindano ya antibayotiki ya kubahatisha kwanza: ya kawaida haitibu ndigana kali, na inakula siku ambazo mnyama hana.

Manyoya yaliyosimama kwa wiki nyingi

Hapa msuli hauhusiki tena kwa kiasi kikubwa. Manyoya yaliyofifia, makavu, yasiyolala hata mchana wa joto baada ya mnyama kushiba, yameota vibaya au yamekosa mafuta, na mara nyingi hayajapukutika kwa wakati wake. Njia ya kutofautisha ni muda: ya baridi na homa hubadilika ndani ya saa chache, haya hayabadiliki.

Anza na minyoo. Kwa mbuzi na kondoo vuta kope la chini na utazame rangi ya ndani. Kadi ya FAMACHA, iliyobuniwa Afrika Kusini kwa ajili ya minyoo wanaonyonya damu, ina daraja 1 lenye wekundu mzuri hadi 5 lililo jeupe. Wa daraja la 4 na la 5 wapewe dawa bila kuchelewa. Pima uzito kwa utepe wa kifua, usikadirie kwa macho, maana dozi pungufu huacha minyoo sugu nyuma. Kisha angalia madini. Ng'ombe mweusi anayegeuka kuwa na rangi ya kutu, na manyoya kuzunguka macho yakapauka, huenda amepungukiwa na shaba. Lakini usimpe shaba kondoo kwa kukisia, kwani kondoo huuawa nayo kwa urahisi. Mwisho tazama chawa na ukurutu kwa kutenganisha manyoya shingoni na kiunoni penye mwanga.

Baada ya tiba usitegemee kuona mabadiliko kesho. Manyoya mabovu yaliyokwisha ota hayatengenezeki, lazima yapukutike na mapya yaote.

Mbwa na paka

Mbwa aliyesimama manyoya amesisimka, basi. Huenda ana hofu, hasira, au amenusa kitu kigeni. Huenda pia anacheza na mwenzake. Soma vingine: mdomo uliofungwa, mwili uliokakamaa, macho yaliyoganda na uzito ulioegemea mbele ni hatari. Mwili unaolegea na kupinda, mdomo wazi, ni msisimko wa kawaida. Mbwa wa manyoya marefu au yaliyosokotana huficha ishara hii, kwa hiyo kutoyaona manyoya yakipanda si kibali cha kumsogelea. Na mbwa wa aina ya Rhodesian Ridgeback ana mstari mgongoni ambao manyoya yake yameota kinyume tangu kuzaliwa. Huo haupandi wala kushuka, usimhukumu kwa huo.

Ukikutana na mbwa aliyesimama manyoya, simama, geuza ubavu, usimkazie macho, mikono iwe chini, kisha rudi nyuma polepole. Ukiwa mwenye mbwa, usimshike ukosi kutoka juu. Mwite, ongeza umbali, na umngoje. Mbwa anayejikung'uta mwili mzima kisha akanusa chini ameanza kutulia, ila kemikali za msisimko bado zimo mwilini, kwa hiyo usimrudishe palepale. Aking'ata mtu, osha jeraha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, na uende hospitali siku hiyohiyo kwa ajili ya chanjo ya kichaa cha mbwa, hata kama jeraha ni dogo.

Paka aliyejipinda mgongo, amekaa kimshazari na mkia umevimba, anajionesha mkubwa kuliko alivyo kwa sababu ameogopa. Usimbebe. Mwachie njia ya kutokea na chumba chenye giza. Watoto wa paka hufanya hivyohivyo wakicheza, na hutulia baada ya muda mfupi.

Kuku

Kwa ndege, mashina ya manyoya yameunganishwa yenyewe kwa yenyewe kwa mtandao wa misuli laini, mingine ya kunyanyua na mingine ya kulaza. Kuku mgonjwa hujikunyata, manyoya yakatimka, mabawa yakashuka na macho yakafumba. Mtenge, tazama kinyesi kama kina damu au ukijani, na uhesabu wagonjwa wangapi wameongezeka kufikia jioni, maana kideri huenea banda zima upesi. Vifaranga wakitimka manyoya na kurundikana, pima joto usawa wa migongo yao: 32 hadi 35 wiki ya kwanza, ukipunguza nyuzi 2 hadi 3 kila wiki.

Wanyama wa porini wanaokutana na mbwa wako

Miiba ya nungunungu ni nywele zilizokomaa na kuwa ngumu, na husimamishwa na misuli ya ngozi. Hairushi. Huisimamisha, hutikisa ile ya mkiani ikapiga kelele, kisha hukimbia kinyumenyume kumchoma anayemfuata. Mwiba ulioingia kwenye nyama ya mguu uvute ukifuata mwelekeo ulioingilia, bila kuukata, kwa sababu uliokatwa hupasuka na kuacha vipande. Ulio kifuani, kooni au karibu na jicho uache, mbwa apelekwe kwa daktari akiwa nao.

Hatari kubwa zaidi ni panya mmoja mkubwa wa Kenya, Ethiopia na nchi jirani, Lophiomys imhausi, mwenye kishungi kirefu mgongoni. Mwaka 2011 watafiti walieleza kwamba hutafuna maganda na mizizi ya Acokanthera, mti ambao sumu yake hutumika kwenye mishale, na kujipaka mate hayo kwenye nywele maalumu za ubavuni zenye matundu ya kufyonza. Akitishwa hakimbii. Husimamisha kishungi, hutenga manyoya ya ubavu na kuuonesha ule ukanda wenye sumu, kama anayekaribisha meno. Mbwa aliyemng'ata na kuanza kutoa povu, kupepesuka au kuanguka ana sumu inayoshambulia moyo. Futa mdomo wake kwa kitambaa chenye maji ukiwa umevaa glovu, usimtapishe, usimkimbize kwa miguu, mbebe hadi kwa daktari wa mifugo, na umwambie ni mnyama gani aliyeng'atwa.